Maji Yaliyokataa Kupwa: Simulizi za Asili katika Visiwa vya Pwani ya Waswahili

Visiwa vingi vya pwani ya Afrika Mashariki vimetengana na bara kwa maji membamba, kiasi kwamba mtu aliyesimama ufukweni upande mmoja huuona moshi wa majiko ya upande wa pili, na baadhi yake hufikiwa kwa miguu wakati wa bamvua, yaani zile siku za mwezi mwandamo na mwezi mpevu ambapo bahari hujaa mno na kupwa mno. Ardhi ya namna hiyo, ambayo asubuhi ni kisiwa na adhuhuri imeungana na bara, ndiyo iliyozaa sehemu kubwa ya simulizi za asili zilizohifadhiwa na wenyeji wa pwani hii. Wasimulizi wa Kilwa, Pate, Manda, Mafia na Pemba hawakukichukulia kisiwa kuwa mahali pa upweke katikati ya bahari kuu, bali makao yenye jirani wa karibu mno, na jambo lililowashughulisha zaidi ya mazimwi na nyangumi lilikuwa ni nani mwenye haki ya kuvuka, nani alitangulia kufika, na aliyechelewa alilipa nini ili akae. Kwa sababu hiyo simulizi hizi zinafaa kusomwa kama hati za ardhi za watu ambao hawakuwa na ofisi ya kusajili viwanja, na, kama ilivyo kwa hati yoyote, thamani yake imo pia katika majina ambayo mwandishi angependa kuyaacha lakini hakuweza.

Habari za kale zaidi zilizoandikwa kuhusu visiwa hivi zilitoka kwa wageni. Al-Masudi, msafiri na mwanahistoria wa Baghdad, alisafiri mara ya mwisho kutoka kisiwa alichokiita Qanbalu kwenda Oman mwaka 916, na wanazuoni wengi wanakubali kwamba Qanbalu ilikuwa Pemba. Katika karne hiyohiyo nahodha wa Kiajemi, Buzurg bin Shahriyar, alikusanya hadithi za mabaharia katika kitabu cha maajabu ya Bahari ya Hindi, na mojawapo inaeleza jinsi watu waitwao Waqwaq walivyoivamia Qanbalu mwaka 945 wakiwa na vyombo vipatavyo elfu moja, wakauzingira mji bila kufaulu kuuteka. Idadi hiyo ya vyombo ni ya kutiliwa shaka, maana mabaharia wa bandari zote hupenda kuzidisha. Hata hivyo umbo la hadithi linastahili kuzingatiwa, kwa kuwa tayari katika karne ya 10 kisiwa kinasimuliwa kama ngome ambayo maji yake huwalinda waliomo, na adui ni yule anayejaribu kuyavuka.

Umbo hilo lilikomaa Kilwa Kisiwani, na hakuna simulizi ya pwani nzima inayolionyesha kwa ukamilifu kama ile ya kuanzishwa kwa mji huo. Imetufikia katika matoleo matatu yaliyotoka katika mikono tofauti. La kwanza kuchapishwa lilikuwa la João de Barros, mwanahistoria wa mfalme wa Ureno, aliyelitia katika kitabu chake cha mwaka 1552 akitegemea tarehe, yaani kumbukumbu ya wafalme kwa mfuatano wao, ambayo Wareno waliikuta Kilwa baada ya kuuteka mji huo Julai 1505. La pili ni la Kiarabu, Kitab al-Sulwa fi Akhbar Kulwa, lililotungwa na mtu wa Kilwa ambaye kwa kauli yake mwenyewe alizaliwa mwaka 904 wa Hijria, sawa na 1499. Nakala pekee inayojulikana iliandikwa Unguja mwaka 1877, Sultani Sayyid Barghash akampa balozi wa Uingereza, John Kirk, naye akaipeleka London. La tatu ni la Kiswahili, lililotoka katika vinywa vya wazee wa Kilwa, likachapishwa na Carl Velten huko Berlin mwaka 1907.

Toleo la Kiarabu linaanza mbali, katika Shiraz ya Uajemi, ambako sultani aliota ndoto ya panya mwenye pua ya chuma akizitoboa kuta za mji, akafasiri kwamba nchi yake itaangamia, akaondoka na wanawe katika merikebu saba. Kila merikebu ilitia nanga mahali pake, na miongoni mwa vituo hivyo mna Manda, Mombasa, Pemba, Kilwa na Nzwani ya Komoro, vyote visiwa. Orodha hiyo yenyewe ni siasa: inaitangaza miji iliyokuwa ikishindana kwa biashara kuwa ndugu wa baba mmoja, na kuifanya bahari iliyo kati yao kuwa ukumbi wa nyumba moja.

Waliofika Kilwa walimkuta Mwislamu mmoja akiishi pale na jamaa yake, na kwake wakapata habari kwamba mtawala wa kisiwa, ambaye hakuwa Mwislamu, alikuwa amevuka kwenda bara kuwinda na angerudi baada ya siku chache. Akarudi kweli, kwa miguu, maji yalipotoka. Wageni wakamwomba awauzie kisiwa, naye akataka bei ya nguo za rangi zenye urefu wa kuzunguka kisiwa chote. Wakakubali, nguo zikatandazwa, akazichukua na kuhamia bara. Ila moyoni alikuwa amekusudia kurudi na askari wake, awaue wageni na kuirudisha ardhi akiwa na nguo zake mkononi. Yule Mwislamu aliyeifahamu nia hiyo akawaonya wageni, nao wakauchimba ule mkono wa bahari ambao watu waliuvuka maji yakipwa, hata ukawa na kina cha kudumu. Siku za vita zilipofika mtawala akaja hadi pale alipozoea kuvukia, akasimama akiyasubiri maji yatoke kama desturi. Hayakutoka. Akangoja, maji yakabaki palepale, akakata tamaa na kurudi alikotoka kwa majuto.

Tukio hilo la mfalme aliyesimama kwenye mikoko akingojea maji ndilo kiini cha simulizi nzima, na msanii aliyelitunga alijua alichokuwa akikifanya. Hakuna upanga unaochomolewa wala damu inayomwagika, na mshindi hata haonekani. Mwenye ardhi anashindwa na kitu alichokijua kuliko wote, yaani saa za maji, ambazo kila mvuvi na kila mtoto wa pwani huzihesabu kwa mwezi bila kukosea. Kupoteza kisiwa kunasimuliwa kuwa ni kupoteza ujuzi wa bahari yenyewe. Msikilizaji wa pwani, ambaye maisha yake yote yametegemea hakika kwamba maji yaliyojaa yatapwa, huuelewa msiba wa mtu huyo bila kufafanuliwa, na ni vigumu kuamini kwamba aliyeitunga simulizi hakumwonea huruma, ingawa alikuwa akiwaandikia wazao wa mnunuzi.

Toleo la Kiswahili linampa mwenye ardhi jina: ni Mrimba, mzee wa nchi, aliyejenga Kisiwani na watu wake kabla ya mgeni yeyote. Katika toleo hili mgeni, Sultani Ali, anaomba mahali pa kukaa, anapewa, anatoa zawadi za nguo na shanga, kisha anamwoa binti Mrimba. Ni kwa kupitia mke wake ndipo anapopeleka ombi kwamba baba mkwe ahamie bara, kwa hoja kwamba haifai mkwe na mkwewe kukaa pamoja mahali pamoja, na hoja hiyo ina uzito kwa yeyote aliyelelewa katika adabu ya ukwe inayodai umbali na heshima. Nguo inatandazwa, Mrimba anavuka, anageuka kutaka kupigana, lakini bahari haipwi tena kwa sababu Sultani Ali amesoma Kurani na kutoa kafara. Pale ambapo mwandishi wa Kiarabu aliweka majembe, wazee wa Kilwa waliweka kisomo. Baadaye mjukuu aliyezaliwa katika ndoa hiyo anakwenda bara kumtembelea babu yake, na Mrimba anamkabidhi mamlaka yake kwa hiari. Hivyo ardhi iliyonunuliwa kwa nguo inarithiwa upya kwa damu, kupitia upande wa mama, na ndoa ndiyo inayokamilisha kile ambacho bei peke yake haikuweza kukihalalisha.

Kwa muda mrefu watafiti walibishana kama Ali bin al-Hasan, ambaye tarehe ya Kilwa inamtaja kuwa mnunuzi na mfalme wa kwanza, aliwahi kuishi. Sarafu ndogo za shaba zenye jina lake zilipatikana kwa wingi Kilwa, na Neville Chittick, aliyefukua magofu ya mji huo katika miaka ya 1960, alimweka mwishoni mwa karne ya 12 badala ya karne ya 10 iliyotokana na hesabu za tarehe hiyo. Mwaka 1984 ilifukuliwa huko Mtambwe Mkuu, Pemba, akiba ya sarafu za fedha zaidi ya 2,000 ikiwa pamoja na dinari chache za dhahabu kutoka nchi za mbali, na mpangilio wa sarafu hizo uliwafanya wataalamu wamrudishe Ali bin al-Hasan nyuma hadi karne ya 11. Mtambwe Mkuu yenyewe ni kisiwa maji yakijaa, na maji yakipwa mtu huvuka kwa miguu hadi Pemba, kama Mrimba alivyovuka.

Ushahidi mwingine ulikuja mwaka 2023, jarida la sayansi la Nature lilipochapisha uchunguzi wa vinasaba, yaani chembe za urithi zinazopitishwa kutoka kwa wazazi kwenda kwa watoto, vilivyotolewa katika mifupa ya watu 80 waliozikwa katika miji ya zamani ya pwani na maeneo ya jirani. Katika wengi wao urithi wa upande wa mama ulikuwa wa Kiafrika karibu wote, ilhali sehemu kubwa ya urithi wa upande wa baba ilitoka Asia, hasa Uajemi, na mchanganyiko huo ulianza yapata mwaka 1000. Uchunguzi huo haukuthibitisha panya wa chuma wala merikebu saba, na haupaswi kulazimishwa kufanya hivyo. Hata hivyo mtu aliyeisoma simulizi ya Kilwa hawezi kuyasoma matokeo yake bila kumkumbuka binti Mrimba. Wazee waliomsimulia Velten walikuwa wamesema kwamba baba alitoka ng'ambo kwa chombo na mama alikuwa mwenyeji wa pale, na walilisema hilo pasipo aibu, wakati ambapo wasomi wa kikoloni walikuwa wakiandika kana kwamba miji ya mawe ilijengwa na wageni watupu.

Upande wa kaskazini, katika funguvisiwa la Lamu, swali la kuvuka linageuzwa juu chini. Fumo Liyongo, shujaa anayesimuliwa kuwa jitu kwa kimo na mshairi kwa kipaji, si mtu wa kisiwani; makao yake ni bara, Shaka na Ozi karibu na mdomo wa Mto Tana, na adui yake ni mfalme wa Pate. Utenzi wa Muhammad Kijumwa wa Lamu, ulioandikwa mwaka 1913, unaeleza jinsi alivyofungwa gerezani, jinsi mama yake alivyomwoka mkate wa pumba wenye tupa ndani yake na kumtuma kijakazi Saada, na jinsi alivyokata minyororo kwa tupa hiyo huku watu wakicheza gungu nje. Mfalme hakuweza kumpata kwa nguvu, akamtumia mwana wa Liyongo mwenyewe, aliyemdunga baba yake sindano ya shaba kitovuni. Liyongo akafa akiwa amepiga goti karibu na kisima, upinde mkononi, na kwa kuwa alionekana kana kwamba yu hai, watu walikaa siku kadhaa bila kuthubutu kuchota maji. Kilwa ilisimuliwa na walioshinda kisiwani. Habari za Liyongo zimependwa vizazi na vizazi hata na watu wa visiwani wenyewe, ingawa zinampa heshima yote mtu wa bara na kumwachia mfalme wa kisiwa hila peke yake.

Tarehe ya Pate, iliyosimuliwa kwa Kiswahili na Bwana Kitini wa ukoo wa Nabhani na kuchapishwa na Alice Werner mwaka 1914 na 1915, inazidi kuonyesha kwamba wasimulizi hawa hawakuwa wapambe tu wa watawala. Inaeleza kwamba wakubwa wa Manda walifanya shauri bila kumwita Bakiumbe, mkubwa wa wavuvi, kwa kumwona mtu duni. Alipojua amedharauliwa akaenda Pate, akaahidi kuutoa mji, na kwa hila aliyoipanga askari wa Pate wakaingia usiku. Manda ikaangamia, kisha mfalme wa Pate akaamuru Bakiumbe auawe, kwa kuwa aliyewachoka watu wake angewachoka na wageni pia. Mji huo ulikuwa na kuta za bahari zilizojengwa kwa mapande makubwa ya matumbawe na biashara iliyoanza katika karne ya 9, lakini simulizi haiutafuti mwisho wake katika upungufu wa mali wala wa silaha. Inautafuta katika baraza lililomsahau mvuvi, na hukumu hiyo ni kali kuliko yoyote ambayo mgeni angeweza kuitoa juu ya miji ya mawe na matabaka yake.

Habari za Shanga, mji ulioko katika kisiwa chenyewe cha Pate, zina picha nyingine isiyosahaulika. Mji ulipotekwa, askari mmoja alimfukuza msichana aliyekimbia hadi akakosa pa kukimbilia. Msichana akaiomba ardhi ifunguke, ikafunguka ikammeza, na juu ukabaki upindo wa nguo yake. Askari akaacha kazi ya vita, na mahali pale pakajengewa ukumbusho. Katika miaka ya 1980 Mark Horton alifukua Shanga na kukuta chini ya msikiti wa mawe mabaki ya misikiti midogo ya miti, iliyojengwa mmoja juu ya mwingine, ya mwanzo kabisa ikiwa ya mwishoni mwa karne ya 8, yaani kabla ya tarehe yoyote inayotolewa na simulizi za Washirazi.

Simulizi zinazotisha zaidi zimebaki Mafia. Inasemwa kwamba watu wa Kua, mji ulioko kisiwa cha Juani, walijenga chombo kikubwa, wakawaalika jirani zao wa Kisimani katika sherehe ya kukishua, yaani kukiteremsha majini kwa mara ya kwanza, kisha wakawashika watoto wa wageni na kuwalaza njiani badala ya magogo, chombo kikapita juu yao. Watu wa Kisimani walinyamaza miaka saba. Baadaye wakawaalika wa Kua arusini, katika chumba kilichochimbwa chini ya ardhi, na vyakula vikiendelea kuletwa wenyeji wakatoka mmojammoja, akabaki mzee mmoja akiwaongelesha wageni hadi mlango ulipozibwa kwa mawe, naye akiwa ndani pamoja nao. Mzee huyo anahitaji kuangaliwa kwa makini. Hakudanganywa, alikubali kufa ili mazungumzo yasikatike na hila isijulikane. Msimulizi wa Mafia hakutaka kisasi kionekane kuwa cha bure, akamweka mtu mwenye kukilipia kwa nafsi yake, na hapo simulizi ya kulipiza ikawa simulizi ya mji uliojizika pamoja na adui yake.

Magofu yote mawili yapo. Kua iliharibiwa mwanzoni mwa karne ya 19 na Wasakalava waliokuja kwa mitumbwi kutoka Madagaska, na nyumba zake za mawe zimesimama mpaka leo bila mapaa, miti ikiota ndani yake. Kisimani iliko kwenye rasi ya magharibi ya Mafia imekuwa ikiliwa na bahari, na sehemu kubwa ya mji imekwisha kwenda na mawimbi. Pujini, Pemba, ngome ya mtawala anayekumbukwa kwa jina la Mkama Ndume na kwa ukatili wa kuwabebesha watu mawe huku wakijikokota kwa makalio, bado ina kisima kinachosimuliwa kuwa cha wakewenza wawili, mmoja akishuka kwa ngazi na mwenzake akiteka kwa ndoo na kamba ili wasikutane kamwe.

Jambo la kusikitisha ni kwamba msomaji wa Kiswahili hawezi kuzipata simulizi hizi kwa urahisi unaowiana na haki aliyonayo juu yazo. Nakala ya Kiarabu ya habari za Kilwa imo London. Utangulizi wake uliahidi sura kumi, nayo ina saba tu. Maneno ya wazee wa Kilwa yalichapishwa Berlin pamoja na tafsiri ya Kijerumani, na ya Bwana Kitini katika jarida la wasomi wa Kiingereza. Vyuo vikuu vya Dar es Salaam, Nairobi na Zanzibar vina wataalamu wa kutosha wa Kiarabu, wa lahaja za kaskazini na wa mambo ya kale, na matini haya yote yangeweza kukusanywa katika kitabu kimoja chenye maelezo, kitakachouzwa kwa bei ambayo mwalimu wa sekondari wa Kilwa Masoko au wa Faza ataimudu. Wakati kazi hiyo ikisubiriwa, wenye wazee Kisiwani, Siyu, Chole na Pujini wawaulize sasa, wawarekodi, na wayaandike majina ya mahali na ya watu kama yanavyotamkwa na wenyewe.